Kijiji cha Mitumba na uwanja wa ndege: haki isiyo na hatimiliki

"Nimekaa hapa miaka 20, wanangu wote wamezaliwa hapa, si pamekuwa pangu?" Hilo ndilo swali la kwanza la mkazi wa mtaa wa mabanda notisi ya kuhama inapomfikia, na jibu la wakili huwa fupi. Kama ardhi ni ya mtu binafsi, huenda. Sura ya 22 ya sheria za Kenya inamruhusu mtu aliyekaa kwenye ardhi ya mwenzake miaka 12 mfululizo, waziwazi, bila ruhusa na bila kutolewa, aende kortini aombe kuandikishwa kuwa mwenyewe. Sheria hiyo hiyo, kifungu cha 41, inaitoa ardhi ya serikali kwenye hesabu. Kaa 12, kaa 50, saa haijaanza kuhesabu.

Kwa hiyo aliyejisogeza kwenye ploti ya tajiri asiyeonekana anaweza kuishia na hati, na aliyejibanza kwenye ardhi ya umma hana lolote la kushika. Mambo yalikomea hapo kwa miaka mingi. Kesi ya kijiji cha Mitumba, inayojulikana mahakamani kwa jina la chama cha wakazi wake, Mitu-Bell Welfare Society, ndiyo iliyoleta jibu tofauti. Wanasheria huitaja kama ushindi mkubwa. Mimi nimeisoma mara kadhaa na kila nikifika mwisho narudi kwenye swali lile lile: aliyeshinda alitoka na nini?

Mitumba kilikuwa kijiji cha mabati karibu na Uwanja wa Ndege wa Wilson, Nairobi, upande wa South C. Wilson ndiko zinakotokea ndege ndogo za watalii wa Maasai Mara, na kwa miaka mingi ndiko zilikotokea zile za kubeba miraa kwenda Somalia. Si uwanja mkubwa, lakini siku nzima kuna kitu kinachopaa au kutua. Wakazi walisema wamekuwa pale tangu mwanzoni mwa miaka ya 1990, takriban miaka 19. Karatasi za kesi ziliwahesabu kuwa familia 3,065, watu 15,325. Chukua kikokotoo ugawe: ni 5 kwa kila familia, hata nusu mtu hasalii. Maana yake mtu alihesabu milango, akazidisha. Simlaumu. Anayejaribu kuhesabu kijiji kizima huku siku za notisi zikiyoyoma atazidisha vilevile, lakini ndivyo watu hawa walivyoingia kwenye kumbukumbu za mahakama, kama zao la hesabu.

Ilani ilitoka gazetini tarehe 15 Septemba 2011. Siku 7 kuhama.

Tuisome ilani hiyo kwa macho ya mkazi. Ni muhula wa tatu. Mtoto wa darasa la nane amebakisha wiki chache tu afanye KCPE, mtihani wa kumaliza shule ya msingi wakati ule, na shule haitamfuata mzazi anakohamia. Kodi ya chumba kwingine inataka deposito. Mwenye duka ana madeni ya nusu ya mtaa kwenye daftari, na wadeni wake wote wanaondoka wiki moja, kila mmoja na njia yake. Siku 7 hazitoshi hata kumaliza kuulizana kama habari ni ya kweli, kwa sababu wengi hawalinunui gazeti; wanaipata kwa mtu aliyeiona kwa mtu.

Hata hivyo walifanya kila ambacho raia huambiwa afanye. Tarehe 21 Septemba waliwasilisha ombi Mahakama Kuu, nambari 164 ya 2011, dhidi ya Mamlaka ya Viwanja vya Ndege, KAA, na serikali. Siku iliyofuata wakapata amri ya muda: wasiondolewe mpaka kesi isikilizwe. Karatasi ilikuwa na muhuri. Jumamosi tarehe 19 Novemba 2011, amri ikiwa bado hai, nyumba zilibomolewa.

Upande wa serikali ulikuwa na hoja, na si hoja ya kuchekwa. Ardhi ilikuwa ya KAA, na kijiji kilikuwa kwenye njia ya ndege. Ndege ikikosa kupaa vizuri, inaangukia vitanda vya watu. Walalamishi walijibu kwamba kama ni usalama wa ndege, mbona maghorofa ya karibu yaliachwa yamesimama, yakavunjwa mabanda yasiyozidi kimo cha mwembe mchanga? Jibu hilo lina uzito. Lakini hata tukiikubali hoja ya usalama yote, inaeleza kwa nini watu waondoke. Haielezi kwa nini waondolewe Jumamosi hiyo, huku mahakama imesema wasiondolewe.

Mwezi ule ulikuwa wa ajabu. Novemba hiyo hiyo nyumba ziliporomoshwa Syokimau, karibu na uwanja mkubwa wa Jomo Kenyatta, na wengi wa wenyewe walikuwa na hati mkononi walizosema walinunua kihalali. Vyombo vya habari vilihamia Syokimau kwa sababu nyumba ya mawe ikianguka picha inavutia. Mitumba ilipata nafasi ndogo. Na siku 3 tu kabla ya Mitumba kubomolewa, tarehe 16 Novemba, Mahakama Kuu kule Embu ilikuwa imewapa ushindi zaidi ya watu 1,100 wa mtaa wa Medina, Garissa, walioondolewa kwenye ardhi ya umma: fidia ya shilingi 200,000 kila mmoja. Asiyeijua sheria mwezi ule hakuwa na kisingizio.

Hapa niseme jambo kuhusu mabati, kwa sababu majalada ya kesi hayalisemi. Nyumba ya mabati ni mali inayohamishika. Fundi akipewa siku mbili anang'oa misumari moja moja, anaipanga bati kwa bati, anafunga nguzo kwa kamba, mkokoteni unabeba, na jioni ya siku ya tatu nyumba ile ile imesimama kwingine, na matundu ya zamani yamezibwa kwa lami. Tingatinga likipita juu yake, bati linajikunja kama karatasi ya chapati. Hapo thamani yake inakuwa ya chuma chakavu, kwa kilo. Kwa hiyo tofauti kati ya kuhamishwa na kubomolewa, kwa mtu wa Mitumba, haikuwa ya heshima peke yake. Ilikuwa akiba yake ya miaka 19.

Kesi ilisikilizwa na Jaji Mumbi Ngugi, akatoa hukumu tarehe 11 Aprili 2013. Akaona haki zimevunjwa: ya makazi iliyo kwenye Kifungu cha 43 cha Katiba ya 2010, ya utu, ya watoto, ya wazee. Akatumia pia miongozo ya Umoja wa Mataifa kuhusu uhamishaji wa watu, kwa sababu wakati ule Kenya haikuwa na sheria yake yenyewe inayosema mtu aondolewe vipi. Kisha akafanya jambo lililozua mvutano wa miaka minane. Hakumaliza kesi. Aliwapa washtakiwa siku 60 waje na sera na mipango ya serikali kuhusu makazi ya watu wa chini, waigawe kwa walalamishi na hata kwa shirika la Pamoja Trust ambalo halikuwa sehemu ya kesi, wakae chini wazungumze, na ndani ya siku 90 wamletee taarifa ya walichokubaliana.

Kwa kawaida jaji akishasoma hukumu ameweka kalamu chini. Anayetaka zaidi aende rufaa. Jaji huyu aliiweka kalamu mezani bila kuifunika. Sababu yake inaeleweka ukitazama Afrika Kusini. Mwaka 2000 Mahakama ya Katiba kule iliwapa ushindi Irene Grootboom na wenzake, watu wazima 390 na watoto 510 waliofukuzwa wakabaki kwenye uwanja wa michezo. Hukumu ile imefundishwa vyuo vya sheria dunia nzima. Ilitangaza kwamba mpango wa serikali wa makazi ulikuwa na kasoro, lakini mahakama haikubaki na faili mkononi kufuatilia. Grootboom alifariki mwaka 2008 akiwa bado anaishi kibandani. Jaji anayelijua hilo hawezi kuandika "haki yenu imevunjwa" akaenda nyumbani.

Mahakama ya Rufaa haikupendezwa. Tarehe 1 Julai 2016 iliifuta hukumu yote. Ilisema jaji akishatoa hukumu amemaliza kazi, hawezi kuagiza ushahidi mpya uletwe baadaye kama vile kesi ndiyo kwanza inaanza. Ikasema miongozo ya Umoja wa Mataifa si sheria ya Kenya. Na mtu aliyekaa kwenye ardhi isiyo yake hana haki ya mali pale. Ukisoma hukumu hiyo bila kuijua Mitumba utaiona imenyooka. Tatizo lake ni kwamba amri iliyovunjwa tarehe 19 Novemba inageuka kuwa jambo la pembeni.

Mwaka huo huo wa 2016, Bunge lilifanya ambacho lilikuwa limekawia kufanya. Liliirekebisha Sheria ya Ardhi likaingiza vifungu vya 152A hadi 152I. Siku hizi Tume ya Kitaifa ya Ardhi ikiamua watu waondolewe kwenye ardhi ya umma, lazima iwaarifu kwa maandishi, kwenye Gazeti Rasmi la serikali, kwenye gazeti la nchi nzima, na redioni kwa lugha ya wenyeji inapofaa, angalau miezi 3 kabla. Wanaokuja kuondoa watu wajitambulishe na waonyeshe kibali. Wakiondolewa watu wengi pamoja, maafisa wa serikali wawepo. Wazee, watoto na wenye ulemavu walindwe. Mali iliyoachwa ichungwe. Na kuna kijisehemu cha mwisho kwenye 152G ambacho nakipenda kuliko vyote: mkazi apewe nafasi ya kwanza kubomoa mwenyewe na kuokoa vitu vyake. Aliyekiandika aliwahi kuona bati likikunjwa.

Wakazi wa Mitumba walipanda ngazi ya mwisho, Mahakama ya Juu, mwaka 2018. Hukumu ilikuja tarehe 11 Januari 2021.

Mahakama ya Juu ilianza na swali la kalamu. Ikasema Kifungu cha 23 cha Katiba kinapotaja nafuu ambazo mahakama inaweza kutoa, kinatoa mifano tu, hakifungi orodha. Kwa hiyo jaji anaweza kutoa amri na kubaki akisimamia utekelezaji wake. Masharti ni kwamba amri iwe wazi, itekelezeke, ielekezwe kwa walio kwenye kesi au kwa idara yenye jukumu hilo kisheria, na jaji asijigeuze waziri. Kuhusu miongozo ya Umoja wa Mataifa ikachukua njia ya kati: haifungi kama sheria, lakini jaji anaweza kuitumia kuelewa Katiba inataka nini pale ambapo sheria imenyamaza. Kwa wasomi wa sheria haya ndiyo makubwa. Kwa mtu wa kibandani, kubwa ni lililofuata.

Mahakama ilijiuliza yenyewe, kana kwamba inamjibu jirani mkali: iweje mtu avamie ardhi ya umma halafu uvamizi huo umpe haki? Jibu lilitoka kwenye Kifungu cha 61, kinachosema ardhi yote ya Kenya ni ya watu wa Kenya. Kama ardhi ya umma ni ya umma, basi kila mmoja ana kafungu kake mle, hata kama kafungu hako hakaonekani na hakaandikiki popote. Mtu asiye na ardhi akijenga hapo, akakaa muda mrefu, akalea watoto, hapati hati. Anapata haki ya makazi ambayo mahakama inaweza kuilinda. Haki hiyo haitegemei hatimiliki. Na ni kukosa hatimiliki, mahakama ikaongeza, ndiko kunakowasukuma watu kwenye mabanda kwanza.

Tazama jinsi hoja hii inavyokwepa Sura ya 22. Haisemi muda umekupa ardhi. Inasema muda umezifanya zile kuta kuwa nyumbani, na nyumbani kwa mtu hakuvunjwi hivihivi. Serikali bado inaweza kukuondoa kwa manufaa ya umma, uwe ni uwanja wa ndege, barabara au bwawa. Lakini kabla hujaondoka unaweza kwenda kortini, na korti inaweza kuagiza moja au zaidi ya haya: notisi ya kutosha, fidia, uondolewaji wa kibinadamu, au ardhi mbadala.

Haki hii ina mipaka ambayo watu huisahau wakishaingiwa na furaha. Inahusu ardhi ya umma. Miezi sita baadaye, Julai 2021, mahakama hiyo hiyo iliamua kesi ya wakazi wa City Cotton na Upendo, vijiji vya South C hapo hapo, walioondolewa mwaka 2013 kwenye ardhi iliyokuwa ya shule ya kibinafsi. Wale walirudishiwa fidia waliyokuwa wamepewa na Mahakama Kuu, kwa sababu ya namna walivyotendewa. Lakini mwenye ardhi binafsi hawezi kulazimishwa kumjengea mtu nyumba; wajibu wake ni kutomdhulumu. Kwa hiyo jambo la kwanza kabla ya kumtafuta wakili ni kwenda kufanya upekuzi kwenye ofisi ya ardhi kujua kiwanja kimesajiliwa kwa nani leo, maana ardhi ya umma Nairobi ina tabia ya kulala ya umma na kuamka ya kampuni.

La pili ni ushahidi wa muda. Mahakama ilisema "muda mrefu" bila kutaja miaka, na nadhani ilifanya vizuri, ingawa mawakili wa serikali watabishana kila mara kama 8 ni mirefu. Mkazi hana mkataba wa kodi wala hati. Ukimwomba thibitisho anakutolea bahasha ya kaki iliyolainika kama kitambaa: kadi ya kliniki ya mtoto wa kwanza yenye jina la kituo cha afya cha mtaa, barua ya chifu ya kuombea kitambulisho, risiti za karo, picha ya harusi iliyopigwa mlangoni, bati likionekana nyuma. Hizo ndizo hati zake. Mwenye nyumba ya mawe huweka hati benki. Mwenye kibanda huziweka chini ya godoro, na siku ya bomoabomoa huwa ndizo za kwanza kupotea. Zipigeni picha mapema, mtumiane.

Je, hukumu ilibadilisha mwenendo? Mei 2020, kesi ikiwa bado mbele ya Mahakama ya Juu, maelfu walibomolewa Kariobangi kwenye ardhi iliyodaiwa na kampuni ya maji ya jiji, wakati wa korona, na palikuwa na amri ya korti. Baada ya hukumu, mwishoni mwa 2021, ikawa zamu ya Mukuru kwa Njenga kupisha barabara. Mafuriko ya Aprili na Mei 2024 yalileta agizo la watu wa kando ya mito kuondoka ndani ya saa 24, kisha matingatinga Mathare na Mukuru, na ahadi ya shilingi 10,000 kwa familia. Mto uliofurika ni hatari ya kweli na hausubiri miezi 3; hilo nalikubali. Lakini hatari inaeleza kumtoa mtu ndani ya nyumba usiku wa mvua. Kuivunja nyumba wiki inayofuata, jua likiwaka, bila kumwachia hata siku ya kung'oa bati, ni uamuzi mwingine, na huo ndio 152G inaouzungumzia.

Sasa Mitumba wenyewe. Mahakama ya Juu haikuwapa fidia wala kiwanja. Iliirudisha kesi Mahakama Kuu ili pale ndipo ziamuliwe nafuu zinazowafaa, kwa kufuata hukumu mpya. Kisheria ilikuwa sawa: Mahakama Kuu ilikatizwa kazi yake katikati, acha ikaimalize. Ila hesabu na wewe. Kutoka Jumamosi ile ya Novemba hadi siku hiyo ya Januari ni miaka 9 na miezi karibu 2. Mtoto aliyebebwa mgongoni siku ya kubomolewa alikuwa anaelekea kumaliza shule ya msingi. Familia 3,065 zilikuwa zimetawanyika kila upande, na mwenyekiti wa chama cha wakazi wasio na mtaa anaitisha mkutano wapi?

Rudi kwenye ile orodha ya Mahakama ya Juu, uisome ukiwa umesimama Mitumba Januari 2021. Notisi ya kutosha: imepita. Uondolewaji wa kibinadamu: umepita. Ilibaki fidia na ardhi mbadala, vitu vinavyohitaji bajeti na mtu serikalini wa kuweka sahihi, na faili la ombi 164 la 2011 lilikuwa limerudi kwenye rafu ya mahakama ile ile iliyotoa amri ya kwanza.